Maana Mbili za Kizuka

Katika nyumba za kiwanda karibu na mtaa wa Jericho, Mourine Nalianya aliitwa Kamusi, wala jina hilo hakulichukia. Mchana alifunga mikate kiwandani, jioni alinakili maneno adimu daftarini: shubaka, kijishimo cha ukutani cha kuwekea vitu; kitefutefu, kilio cha kwikwi. Mumewe Wasike, fundi wa mitambo hapo hapo kiwandani, alimtania kwamba siku moja ataagiza chumvi kwa neno litakalomkimbiza mwenye duka.

Mwaka 1994 Wasike akafa. Kanuni ya kiwanda ilikuwa wazi: nyumba hubaki kwa mke ikiwa naye ameajiriwa hapo, mradi aandike barua. Mourine aliandika kurasa mbili, na katikati akatia neno alilofunzwa na jirani yake Batulo, aliyefiwa na mume mwaka uliotangulia: "Mimi ni kizuka wa marehemu." Akaona limekaa vizuri.

Wiki mbili baadaye akakuta notisi imebandikwa mlangoni. Nyumba haina mtu, itapewa mwingine baada ya siku saba. Sababu: "Aliyemo ni kizuka, yaani mzimu."

Damu ilimchemka. Alibeba kamusi, aproni bado kiunoni, akaenda moja kwa moja kwa karani wa nyumba, Mativo. Na nani asiyejua kwamba shemeji yake Mativo alikuwa akitafuta nyumba?

"Soma hapa!" Akakibwaga kitabu mezani. "Kizuka: mwanamke aliyefiwa na mume, aliye bado edani."

Mativo akateremsha kidole mstari mmoja. "Na hii maana ya pili je? Kitu cha kutisha kinachotokea ghafla, kama mzimu. Mathe, kitabu ni chako. Mimi sijaongeza kitu."

Makarani wenzake wakacheka. Mtu mzima, tai shingoni, anaufanyia mzaha msiba wa mwenzake ili shemeji yake apate vyumba viwili! Haya hana hata ya kuazima.

"Mativo, matanga ya Wasike ulikuja, hukuja?"

"Nilikuja."

"Ukala?"

"Nikala."

"Nani alikupakulia? Na uliporudi kuomba nyama tena, sahani ulimnyooshea mzimu?"

Sasa kicheko kikamgeukia Mativo. Mkubwa wa ofisi, Mzee Nzomo, alitoka chumbani mwake kwa zile kelele. Akaisoma barua, akaisoma notisi, kisha akaichana notisi.

"Keti, mama," alisema. "Niandikie nyingine, kwa maneno ya kawaida. Mstari mmoja wanitosha."

Mourine akashika kalamu huku bado anafoka. Akaandika "Mume wangu," kisha akakwama. Wiki zote hizo alikuwa amesema marehemu, amesema ametangulia, amesema kizuka. Neno lenyewe hakuwa amelitamka hata mara moja. Hasira aliyokuwa nayo kwa Mativo ikamgeukia Wasike, aliyekwenda zake akamwachia nyumba ya kupigania peke yake na watu wa kumcheka. Akaikandamiza kalamu hadi karatasi ikatoboka: Mume wangu amekufa.

"Inatosha?" aliuliza, akimsukumia karatasi.

"Inatosha, mama," alisema Nzomo, akagonga mhuri.