Wapishi wa Tumboni mwa Bibi

Wifi yake, dada wa mumewe, hakuwa amekunywa chai nyumbani kwake tangu siku ya harusi, na ukoo mzima uliijua sababu. Siku ile, nyumba imefurika wageni, wifi aliona chupa ya chai mezani, akajimiminia kikombe, akapiga funda moja la nguvu. Haikuwa chai. Yalikuwa maji ya tumboni mwa ng'ombe, ya kijani na ya uvuguvugu, aliyoyaleta bwana harusi mwenyewe kwa kuwa kazi haikumpa nafasi hata siku hiyo.

Bwana harusi alikuwa mhudumu wa mifugo katika kituo cha utafiti, na bibi harusi mpimaji wa maabara ya hapohapo. Kituoni palikuwa na ng'ombe aliyeitwa Bibi tangu akiwa mtamba, kwa maringo yake tu. Alitobolewa tundu ubavuni, likawekewa kizibo cha mpira, ili wataalamu waone nyasi zinavyosagika ndani. Ng'ombe mwingine akiacha kucheua, mume alizamisha mkono mle hadi kwapani, akatoa majani, akayakamua na kuijaza chupa pomoni, aende kumnywesha mgonjwa. Nafasi ya hewa isibaki, maana hewa ingewaua waliomo.

Waliomo walikuwa bakteria. Mke ndiye aliyemwonyesha kwenye darubini, penzi lao likiwa bado changa: viduara viwili viwili, vimeshikana kama shanga.

"Hawa ni jenasi ya Ruminokokasi," alimwambia. "Ndio wanaomeng'enya nyasi. Ng'ombe peke yake hawezi."

Mume akajaribu kulitamka jina, ulimi ukagoma. "Basi mimi nitawaita wapishi."

Ikawa hivyo. Hata mkuu wa kituo alizoea kuuliza wapishi wanaendeleaje.

Siku zile zilikuwa tamu jamani! Jioni mume alirudi ananuka nyasi zilizochacha, mke anamfokea toka jikoni, "Koti livue hukohuko nje!" Wapi! Anaingia nalo na kumkumbatia makusudi. Alipofariki, ndugu walilifua koti lile kwa nia njema, likanukia sabuni tupu. Hilo mjane hajawasamehe.

Kituo nacho kikafungwa. Asubuhi ambayo mifugo ilikuwa inapelekwa machinjioni, wifi alikuja mbio, hata kuketi hakuketi.

"Wifi, ng'ombe wangu hacheui, hali. Alikuwa anakohoa, nikamkorogea ile dawa ya kuku."

"Kiasi gani?"

"Pakiti nzima. Si yeye ni mkubwa kuliko kuku?"

"Dawa hiyo inaua bakteria! Umewamaliza wapishi wote, wifi! Atakufa njaa na tumbo limejaa."

Wifi akaanza kulia. Ng'ombe alikuwa huyohuyo mmoja, tegemeo la nyumba yake.

Mjane akaichukua chupa kabatini. Alifika kituoni lori limeshaegeshwa na Bibi amefungwa kamba.

"Dada, tumechelewa," dereva alisema.

"Basi chelewa kidogo tena."

Yeye alikuwa mtu wa vioo na darubini, hajawahi kutia mkono mle. Akakunja mikono ya gauni, akafungua kizibo. Ndani kulikuwa na joto jingi, na akamkumbuka mumewe. Akaijaza chupa pomoni. Kisha akamkwaruza Bibi katikati ya pembe, kama mume alivyokuwa akifanya, akaondoka bila kutazama nyuma.

Walimnywesha mgonjwa taratibu, wifi ameshika kichwa. Mchana ukapita, bila dalili. Usiku mjane hakulala. Kesho yake jioni, wamechuchumaa zizini, donge likapanda shingoni mwa ng'ombe na taya likaanza kusaga.

"Anacheua!" wifi akapiga kelele. "Wifi, anacheua!"

Ng'ombe akabeua, pumzi yote usoni mwa mjane. Nyasi zilizochacha. Akamkumbatia shingo, akalia kilio ambacho msibani hakikumtoka.

"Mbona unalia, na amepona?"

"Nusa. Si kaka yako huyu?"

Wifi akanusa. Midomo ikamcheza, asijue acheke au alie.

"Ndiye," akasema. "Ndiye kabisa. Haya, leo nitakuja kwako kunywa chai. Lakini chupa nyingine, tafadhali."

Akaenda kuleta ndoo ya maji na sabuni, amnawishe uso.

"Weka hapo," mjane alisema. "Leo sinawi."