Kioo Nilichokibeba Kichwani

Siku maji ya mto Mkondoa yalipotuingilia ndani hapa Kilosa, watu walibeba magodoro, wengine mbuzi. Mimi nikabeba kompyuta! Ile ya marehemu mume wangu, aliyokuwa akitengenezea watu picha za pasipoti dukani kwake. Nikaifunga kanga mbili, nikajitwika, maji kiunoni, jirani ananipigia kelele: "Mama wee, tupa hilo dude, utakufa!"

Nitupe? Mwanangu alikuwa mle. Picha zake zote, tangu anasoma mpaka ana mimba. Alifariki akijifungua, mtoto nikamlea mimi. Albamu hatukuwa nayo, mzee alisema karatasi zitaliwa na mchwa. Jioni akiiwasha, mwanangu anatokea pale kwenye kioo anacheka, nami nampangusa vumbi usoni.

Basi tukahamia nyumba ya juu mwinukoni, kioo nikakiweka mezani, nikakifunika kitambaa changu cha kufuma. Sikuthubutu kukiwasha, nisije nikakiharibu.

Juzi mjukuu akaja kutoka Mikumi, anafanya kazi ofisi ya hoteli, na kompyuta yake ile ya kukunja.

"Shikamoo bibi."

"Marahaba mke mwenzangu."

"Bibi, hiki kioo bado kizima? Hiki changu kidogo, macho yananiuma."

Akachomeka waya, kikawaka! Nikapiga vigelegele mpaka kuku wakakimbia. Kazi zake za hotelini zikajaa pale, maandishi makubwa makubwa.

"Sasa hayo yatoe," nikamwambia. "Mfungulie mama yako, umwone."

Akanigeukia. "Bibi, hapa kinaonyesha vilivyomo kwenye hii yangu tu. Picha zilikuwa kwenye boksi lake. Liko wapi?"

Boksi! Lile bati la chini ya meza tulilokuwa tunaegemezea miguu! Nililiacha pamoja na ndoo, likaenda na maji. Mie ningejuaje, na mwanangu nilikuwa namwona kwenye kioo?

"Bibi wewe! Umebeba sahani, wali umeuacha." Akacheka, halafu akafuta macho. "Haya, niambie basi, alikuwaje?"

Kusema sichoki mimi. Nikamweleza mwanya, shingo ndefu, anavyorusha kichwa nyuma akicheka, na kishimo cha shavuni.

"Shavu lipi, bibi?"

Nikajishika la kulia. Nikahamia la kushoto. Mtoto ananitazama, ananingoja.

Karudi Mikumi sijamjibu.