Asali ya Mkonge Pori

Juzi mkonge pori wangu wa sebuleni, wenye majani ya mabaka kama nyoka, ulichanua, na harufu yake ikanirudisha utotoni, nyumbani kwetu Shanwe. Tulibaki wawili, mimi na mama. Baba alikuwa msituni Ugalla kwenye mizinga yake ya nyuki, na wenzake walisharudi.

Alasiri moja mkonge wa mama, uliobanana kwenye kopo la rangi, ulitoa maua yenye matone matamu. Niliyalamba, nikakimbilia jikoni.

"Mama, baba anakuja. Ua limetoa asali."

"Kanawe mikono," alisema, akiendelea kusonga ugali.

Nilidhani mmea umefurahi. Sasa najua huchanua ukibanwa na kusahauliwa. Mama aliacha kuumwagilia tangu baba aondoke.

Alipopakua, aliweka sahani tatu. Mpaka leo sijui kama aliniamini.