Masale ya Bwana Diwani

Nilimfulia na kumpigia pasi bwana mmoja wa Kiingereza, juu kidogo ya Lushoto mjini, tangu kabla ya Uhuru. Alikuwa mwanajeshi mstaafu. Kwao, alivyosema, ukoo wake ulikuwa na mashamba, farasi, na kanisa lenye makaburi ya babu zake. Huku alijipatia shamba la matunda damu na mawaridi. Uhuru ulipokuja wenzake walifungasha. Yeye akachukua uraia, akagombea udiwani, akashinda. Watu walimpenda kwa kuwa alijua kusalimia. Hata “onga makeo” ya Kishambaa aliitoa vizuri asubuhi, kwa shehe na kwa mlevi.

Mimi pia nilimpenda. Alikuwa amenipa pembe ya shamba lake nijenge, na nyuma ya migomba yangu alilala mwanangu wa kwanza, aliyeondoka na surua kabla meno hayajamjaa kinywani. Jiwe hatukuwa nalo. Tulipanda masale, kama ifanywavyo huku. Ukikuta majani yale marefu mahali unajua kuna mpaka au kuna mtu, na hung'oi.

Kisha ikaja amri ya kuhamia vijiji vya ujamaa. Bwana diwani alisimama mkutanoni na shati nililolipiga pasi mwenyewe, akatueleza habari za shule, zahanati na maji ya bomba, akanyoosha mkono. Tukanyoosha wote. Nilipoutazama wangu, nao ulikuwa juu. Nikahamisha vyungu, mbuzi na mlango hadi ng'ambo ya bonde. Kaburi halihamishwi.

Nilirudi baada ya masika ili nilipalilie. Migomba haikuwepo, nyumba haikuwepo, trekta lilikuwa limesawazisha kila kitu kwa ajili ya viazi. Masale niliyakuta kwenye njia ya kuingilia kwa bwana, yamepangwa huku na huku, yamemwagiliwa maji. Aliyaona ni mazuri, akaogopa trekta litayasaga. Vibarua aliowaagiza wayang'oe walimwambia, mmoja ana msiba, mwingine ana homa. Huku mtu mkubwa haambiwi amekosea. Unaugua tu hadi apate mwingine. Hakupata mwingine, akayang'oa yote kwa mikono yake.

“Shikamoo, bwana.”

“Marahaba, mama. Umeona yalivyoshika?”

“Nimeona. Yale ya nyuma ya migomba yangu uliyatoa mahali gani hasa?”

“Kwa nini?”

“Alilala mwanangu pale.”

Akaenda kuchukua fimbo yake. Nilikuwa nikiingoja hasira njia nzima, na sasa nikaingoja tena. Haikuja. Nilisikia baridi tu, na nikaona kifungo kimoja cha shati lake kinataka kushonwa.

Huyu ndiye aliyenisimulia, nikipiga pasi, habari za askari wake waliokufa vitani. Alijua kila mmoja amezikwa wapi, upande gani wa barabara, chini ya kilima kipi. Tukatembea kwenye matuta ya viazi. Akachomeka fimbo. “Hapa,” akasema. Akaitazama milima, akahesabu kitu midomoni, akaing'oa. “Hapana. Pale.” Tulipofika pale akageuka akatazama tulikotoka. Uso wake ulikuwa mwekundu.

“Mama, nisaidie. Ni hapa, au ni pale?”

Mimi mwenyewe sikujua. Bila migomba na bila mlango wangu, sikuwa na pa kuanzia kupima. Ungenizungusha mara moja nisingejua hata bonde liko wapi.

“Ni hapa,” nikasema.

Akavua kofia, akasimama wima kijeshi, visigino pamoja, machozi yakimshuka. Nikasimama kando yake, nikainamisha kichwa. Nilikuwa nimechagua tuta lolote, ili apumzike.