Filamu Iliyozimwa Mapema Kule Nuu

Mimi sikubebwa na mtu. Diploma yangu ya ufundi wa picha na sauti niliipata ughaibuni, nikifagia stesheni asubuhi na kusoma mchana. Niliporudi nilifungua studio hapa Emali, na maharusi hutoka hata Nairobi kuja kunitafuta. Kwa hiyo mtu akiniambia kitu fulani hakipatikani, siwezi kutulia.

Aliyeniambia ni mama yangu, ambaye namwita mwaitu kama Mkamba yeyote. Akiwa msichana Nuu, kabla ya kuolewa Mbumbuni, mhubiri mmoja alileta jenereta na filamu ya Wazungu kwenye uwanja wa kanisa. Lugha yake hakuna aliyeijua, mhubiri mwenyewe akiwemo. Akaizima sauti, akashika kipaza sauti na kusimulia kwa Kikamba. Mjane kijana alikuwa akivuna shayiri na mama mkwe wake, karibu na kinu cha upepo. Huyo ni Ruthu wa Biblia, aliyekataa kumwacha mkwewe, na yule ni Naomi, akasema. Watu wakalia, wakaimba, jenereta ikazimwa.

Baba yangu alipofariki, ndugu za mwaitu walikuja kumrudisha Nuu. Alikuwa bado kijana. Alikataa kwa sababu ya filamu ile. Alibaki na nyanya yangu, mama mkwe wake, akamlisha na kumwogesha mpaka siku aliyomzika.

"Hiyo hata wewe na kompyuta zako hamwezi kuipata," alinichokoza.

Wiki nzima nilihariri harusi za watu huku jicho moja likiwa kwenye mtandao. Kuna watu Ulaya, wengi wao wastaafu, wanaofufua filamu zilizosahaulika. Mmoja ana kanda aliyorekodi zamani kutoka televisheni, mwingine anaisafisha, mwingine anatafsiri maneno. Niliwaandikia: wajane wawili, shayiri, kinu cha upepo. Walinitumia tatu ambazo sizo. Ya nne ndiyo yenyewe, imewekwa bila jina, picha ikitetemeka. Nilipiga meza kwa furaha. Kisha nikaitazama yote.

Haikuwa Ruthu. Mwishoni yule mjane kijana anamwacha bibi kizee shambani na kupanda treni. Mhubiri alikuwa amezima kabla ya hapo.

Mara mbili niliendesha gari hadi Mbumbuni na laptop, na mara mbili nikarudi bila kuifungua. Maisha yote ya mwaitu yalisimama juu ya filamu ile. Lakini mimi nikishamaliza kazi siwezi kukaa nayo kimya. Mara ya tatu niliifungua mezani, saa nne asubuhi, mwaitu akichagua ndengu.

"Ndiyo hii!" alisema. "Ona anavyoshika mundu vibaya. Hata siku ile tulimcheka."

Treni ilipofika, mikono yake ilisimama juu ya ungo.

"Huyu anaenda wapi?"

"Mjini, mwaitu. Ndio mwisho."

"Rudisha."

Nikarudisha. Treni ikaondoka tena.

"Mhubiri aliiona hii?"

"Lazima aliiona. Si yeye ndiye aliyezima?"

Alicheka mpaka akajishika ubavu. "Mzee yule! Alikuwa na mama mgonjwa nyumbani, na mke wake alikuwa anatishia kurudi kwao!"

Nilikuwa nimejiandaa kwa machozi, si kwa kicheko. Kisha akasogea karibu na kioo cha laptop.

"Na huyu bibi, jioni hiyo alipikiwa na nani?"

"Filamu haionyeshi."

"Haionyeshi?" Alinitazama kama fundi aliyeleta mlango bila bawaba. "Na hao rafiki zako wa Ulaya, miaka yote hii, hakuna aliyeuliza?"

"Hakuna."

"Basi waulize wewe, si una diploma."

Nilisimama mlangoni, mahali pekee mtandao unaposhika, nikaanza kuandika. Nyuma yangu ndengu zilianza tena kugonga ungo.

"Bibi wetu hapa, nyanya yako, mimi ndiye niliyempikia," alisema. "Kila jioni. Andika hiyo pia."

Nikaandika.