Fundi Cherehani Aliyekataa Kuitwa Mwizi

Majirani humwita Bi Pindo, kwa kuwa hakuna anayepunguza sare ya shule vizuri kumshinda. Nyuma ya rundo la sare hizo, kibandani mwake, ipo kompyuta. Kwa miaka mingi, kila alipomaliza kushona, aliukarabati mji wa gemu moja la zamani, lile ambamo mchezaji huzurura popote atakapo.

Kampuni iliyolitengeneza iliendelea kuliuza, lakini ilikuwa imeacha kulitunza. Lilizimika ovyo kwenye kompyuta mpya, mvua yake haikulowesha kitu, na mashati ya watu wake yalikaa kama maboksi yaliyopakwa rangi. Bi Pindo aliyatia mashati mikunjo, akaifanya na mvua iloweshe lami. Kazi hiyo aliigawa bure, akishika mwiko wa wakarabati wenzake: hakugawa hata faili moja la kampuni. Bila mtu kununua gemu lenyewe, marekebisho yake hayakufanya kazi. Kwa hiyo miaka yote hiyo aliitafutia kampuni wateja bila ujira!

Shukrani yao ni hii. Walipoandaa toleo lao jipya, wakili wao alimwamuru aondoe kila kitu, tena atangaze hadharani kwamba aliiba. Akikataa, mahakamani.

“Mama watoto, andika yaishe,” mumewe alimsihi. “Wao wana mawakili, sisi tuna cherehani.”

“Niandike niliiba nini? Mvua?”

“Maneno tu hayo.”

“Basi yaandike wewe, unayedokoa nyama sufuriani. Hapa ndani mwizi ni mmoja.”

Mume akacheka bila kupenda. “Na wakitushtaki?”

“Mafaili yangu nitayaondoa, gemu ni lao. Uongo siandiki.”

Akaondoa. Wachezaji walipouliza, aliwajibu kwa maneno machache: “Nimeondoa kazi yangu. Sikuiba.” Wiki hiyohiyo kampuni ikaacha kuliuza gemu la zamani, ili anayeutaka mji ule alipie toleo jipya. Na hao ndio wanaomwita mwenzao mwizi.

Wakili akapiga simu. Bi Pindo alikuwa na pini mdomoni. Akazitoa moja moja, bila haraka.

“Bibi, tunataka sentensi moja tu.”

“Mlichodai ni chenu nimekiondoa, baba. Jina langu si lenu.”

“Tutafungua kesi.”

“Fungueni. Nikuelekeze kibandani, au mnapajua?”

Alimtajia mtaa, kona na rangi ya mlango, polepole, ili aandike.