Unga wa Mtani

Binti yangu anapumua kwa mrija uliopitishwa kwenye tundu dogo shingoni. Nalisema mwanzo kabisa kwa sababu watu hupenda kuliuliza kwa kunong'ona, kana kwamba tumeiba. Hatukuiba. Njia yake ya hewa ilikuwa nyembamba tangu uchanga, madaktari wakamfungulia nyingine, nami nikafundishwa kuitunza: kunyonya makohozi, kusafisha tundu, kubadilisha mrija, kufunga tepe shingoni hadi kipite kidole kimoja tu. Naifanya kazi hiyo asubuhi kabla ya chai, kama wengine wanavyofagia uwanja. Na naifanya vizuri. Sioni haya kujisifu.

Baba mkwe alipofariki, ndugu wa mume wangu walituma neno kutoka Kigwa: njooni arobaini, lakini huyo mtoto wa tundu abaki mjini Tabora. Vumbi, moshi, watu wengi, akizidiwa nani atamshika? Nikawajibu kwamba marehemu ni babu yake, na wa kumshika ni mimi. Tukapanda treni na mfuko wetu tusioachana nao: mrija wa akiba, mwingine mwembamba zaidi, mkasi, tepe na pampu ya mkono ya kunyonyea.

Wote tuliwasahau watani. Sisi Wanyamwezi tunataniana na Wazaramo tangu babu zetu walipobeba mizigo kwenda pwani, na msiba bila mtani haujakamilika. Mtani wetu, mama wa Kizaramo aliyeolewa palepale kijijini, alitoka jikoni amevaa koti la marehemu, anakohoa kama yeye, mkononi ungo wa unga. Akawa anampaka kila mfiwa usoni. Alipomfikia binti yangu, kwa mapenzi kabisa, akampaka kiganja kizima mpaka shingoni, na kitambaa chepesi kinachokinga mrija kikachomoka.

Mtoto akavuta unga badala ya hewa. Akakohoa bila sauti, midomo ikaanza kubadilika rangi. Mama mkwe akaja mbio na ndoo ya maji amwoshe. Maji, kwenye tundu la kupumulia!

"Mama, weka hiyo ndoo chini!" nikamfokea, mimi mkwe, mbele ya ukoo mzima. Akaiweka.

Nikamlaza mtoto mkekani, kanga niliyoikunja chini ya mabega. Nikajaribu kunyonya, kampira ka pampu hakakupita; ule unga na makohozi vilishakuwa ugali. Basi nikakata tepe, nikachomoa mrija, nikaingiza wa akiba. Kisha kifua kikapanda, hewa ikapiga mluzi shingoni, nami nikasema alhamdulillahi, ingawa ni Mmoraviani.

Mtani alikuwa amepiga magoti, koti la marehemu bado mwilini, analia machozi ya kweli na kuomba radhi. Hapo watu wakachanganyikiwa, maana mtani haombi radhi, wala mtani hakasirikiwi. Mimi nilikuwa nimekasirika sana, na sikujua hasira ile niipeleke wapi.

Binti yangu akaketi. Akaziba mdomo wa mrija kwa kidole, ndivyo anavyopata sauti, kavu kidogo lakini yake.

"Mtani, unalia nini? Lete kuku."

Uwanja mzima ukaangua kicheko. Mtani akafuta kamasi kwa mkono wa koti. "Wanyamwezi nyie! Hata kufa hujafa, unataka kuku?"

"Jogoo," akasema binti yangu.

Nilijivuna siku ile, jamani. Si kwa mikono yangu tu, mikono imefundishwa. Nilijivunia huyu aliyetoka kukosa pumzi na pumzi ya kwanza aliyoipata akaitumia kumnyanyua mtu mwingine.

Mama mkwe peke yake hakucheka. Alikuja kuketi kando yangu mkekani, akauvuta ule mfuko, akatoa mkasi, akautazama.

"Nionyeshe," akasema. "Likizo mjukuu wangu anakuja kwangu."